Ukiwachukua, Chukua na Chakula Chao

Dada Somoe,

Mbuzi wako wamekula. Naanza na hilo kwa sababu ndilo ungeuliza kwanza, kabla ya kuuliza Baba Swalehe hajambo, na kabla kabisa ya kuniuliza mimi. Wamekula, wamekunywa, na sasa wamelala nyuma ya nyumba yangu hapa Nanyamba wanacheua. Kidoti kajilaza mlangoni mwa banda kama mwenye hati ya kiwanja. Wote kumi na mmoja wapo. Ukweli wapo kumi na wawili, lakini huyo wa kumi na mbili nitamsema mwisho, maana ndiye hasa aliyenifanya nishike kalamu.

Nisikufiche. Nakuonea wivu. Nilidhani mtu akifa, wivu aliokuwa akionewa unazikwa naye. Nilikuwa mmoja wa waliokuosha. Nilikumiminia maji kwa mkono wangu, nikakupaka karafuu maiti, na moyoni nikasema, basi, yamekwisha, tumebaki mimi na mume wangu. Kumbe siku ile ndiyo kwanza ulikuwa unaingia nyumbani kwangu. Ulipokuwa hai ulikaa Mahurunga, mimi nikakaa Nanyamba, kila mtu na mlango wake. Sasa huna mlango. Uko kila mahali.

Tazama jambo dogo tu. Mume wetu anaitwa Baba Swalehe. Nimemzalia mabinti wawili, lakini hata mimi mwenyewe, katika nyumba niliyoijenga kwa mihogo ya kukaanga, namwita kwa jina la mwanao. Nilianza na karai moja pale stendi, mihogo na pilipili. Hakunipa mtaji yeye, wala hukunipa wewe. Karai likazaa meza, meza ikazaa kibanda, kibanda kikanunua mikorosho ya mzee mmoja aliyehamia mjini kwa watoto wake. Hapa hakuna msumari ambao sijui ulitoka wapi. Lakini mgeni akija akachungulia nyuma, haulizi habari ya nyumba wala ya mikorosho. Anauliza, "Hao ndio mbuzi wa marehemu?"

Ndio, nasema. Ndio hao. Karibu chai.

Unakumbuka siku ile ulipokuwa huwezi tena kukaa bila kuegemezwa. Tulikuwa wanne chumbani: wewe, Baba Swalehe, mdogo wako Bi Tatu, na mimi. Ukasema, "Mbuzi apewe Maimuna." Bi Tatu akadhani homa inasema. Akakuuliza tena, ukarudia vilevile. Halafu ukanigeukia mimi, ukavuta pumzi kwa shida, ukasema, "Ukiwachukua, chukua na chakula chao."

Basi. Nilingoja uongeze neno, hata moja la kunituliza. Ukageukia ukutani.

Nilidhani umefanya kusudi. Ulijua, na mimi nilijua, kwamba mbuzi wako hawakunipenda. Miaka yote nikija Mahurunga, nikiingia uani tu wanarudi nyuma hadi ukutani kama nimeshika kisu. Ukiingia wewe wanakukanyaga miguu. Ulikuwa unapiga ule mlio wa ulimi, mara tatu, hata ukiwa jikoni na moshi umekujaa machoni, na wao wanainua vichwa wote pamoja. Nilijaribu mlio ule siku moja ulipokwenda mtoni. Kidoti alinitazama, akaendelea kula. Sikuwahi kukwambia.

Basi siku ya arobaini yako, watu wamemaliza kisomo, sahani bado zinaoshwa, Bi Tatu akasema mbele ya kina mama wote, "Mke mwenza na mbuzi wa mwenzie. Haya, wosia ni wosia, achukue. Lakini akifa hata mmoja, nakuja kuwarudisha waliobaki. Na kilichowaua tutakijua." Hakutamka neno wivu. Hakuwa na haja. Kila aliyekuwa pale alilisikia. Baba Swalehe alikuwa amesimama mlangoni. Akaangalia viatu vyake.

Kwa hiyo ujue, Dada, kwamba sikuchukua mbuzi. Nilichukua kesi. Mbuzi mmoja akifa kwangu, hata kama ameumwa na nyoka, mimi ndiye nitakuwa nyoka. Na ubaya wenyewe ni kwamba wasingekuwa wamekosea sana. Wivu nilikuwa nao.

Nikachukua na chakula chao. Si kwa sababu nilikuelewa; kwa sababu nilitaka pasiwe na mtu wa kusema sikufuata neno la marehemu. Nilishinda bondeni nakata yale majani ya kando ya Ruvuma waliyoyazoea, nikayaanika. Nikakusanya matembele makavu, na mabua ya mpunga yaliyobaki baada ya mavuno, na pumba za mpunga ulizoziacha kwenye pipa. Vikatoka viroba saba vilivyoshindiliwa. Kirikuu, ile gari ndogo ya mizigo, ilipokuja kupakia, Bi Tatu akashika kiuno. "Wewe unahamisha mbuzi au unahamisha shamba?" Na dereva naye, kijana mwenye mdomo, akasema, "Mama, ongeza na Ruvuma yenyewe, nafasi ipo."

Walicheka. Nikapanda mbele nikafunga mlango.

Huku kwangu hakuna bonde, unajua. Ni mchanga na mikorosho, majani magumu ya vichakani, pumba za mahindi za mashineni, na maganda ya mihogo ya biashara yangu ambayo siwapi mpaka yakauke kabisa. Na tulifika msimu wa korosho, mabibo yametapakaa chini. Watu wanachopoa korosho, bibo wanalitupa, shamba zima linanuka kama kilabu cha uraka, ile pombe ya mabibo. Chakula ni tele. Lakini si chakula walichokijua.

Siku ya kwanza walinidhalilisha. Niliwawekea maji ya kisima, maji safi ninayokunywa mwenyewe. Wakanusa, wakageuza shingo. Walitaka ya Ruvuma, yale ya matope. Mchana wote wakalia. Jirani yangu akachungulia juu ya ua akasema, "Bi Maimuna, hao wanamwita mwenyewe." Nilitamani kumrushia ndoo. Jioni kiu ikawashinda, wakanywa, wa kwanza Kidoti, na akaninyia karibu na mguu.

Chakula niliwapa chao. Chao tupu, majani yako, mabua yako, na jioni kifuu cha pumba zako za mpunga. Pembeni niliweka changu kidogo, cha kunusa tu. Siku ya tatu ndipo nikachanganya: katika kila vifuu vinne vya pumba, vitatu vyako, kimoja changu. Na majani vivyo hivyo, robo ya vichaka vya huku ndani ya majani makavu ya bondeni. Majani kwanza kila mara, pumba baadaye, tumbo likishapata kazi. Asubuhi naokota mavi naangalia. Yakiwa punje punje, magumu, yanang'aa kama mbegu, naongeza siku inayofuata ikipita. Yakiwa laini, narudi nyuma hatua moja. Mimi na hesabu hatujawahi kugombana, unajua hilo. Nilipiga kwamba viroba saba vinanifikisha wiki mbili, na kimoja kinabaki akiba.

Mtu angeniuliza nilijifunza wapi, ningesema nimejiongeza. Lakini wewe nikudanganye nini. Niliwahi kukuona. Kila mvua za kwanza zilipotoa majani mabichi, ulikuwa unawachelewesha bandani mpaka jua lipande, unawajaza makavu kwanza, ndipo unawafungulia kidogo, kesho zaidi kidogo. Nilikuwa nikikaa kwenye kizingiti nakutazama, nikisema moyoni, mwanamke huyu bahili, majani ya Mungu nayo anapima.

Tulifika nusu kwa nusu. Walikuwa wameanza kunizoea, au walikuwa wameanza kuzoea kifuu, sijui. Na hapo ndipo Baba Swalehe alipokuja.

Ilikuwa Ijumaa, baada ya swala. Hakupita ndani kunisalimia. Nilikuwa nimepika samaki wa kupaka, nimejitanda kanga mpya, nasikia hatua zake zinazunguka nyumba zinaenda moja kwa moja bandani. Nikamkuta ameegemea mti wa ua. Akasema, "Wamekonda." Hawakuwa wamekonda. Nikamweleza, nawahamisha taratibu, tumbo lao halijajua chakula cha huku. Akatikisa kichwa. Akasema, "Mwenzio alikuwa hawanyimi."

Mwenzio. Unajua nilivyolisikia neno hilo? Nilikwenda kibandani kwangu stendi kukaanga mihogo, na siku ile mihogo iliungua.

Nilirudi karibu na magharibi. Amekaa juu ya kinu, ndoo yangu kubwa iko miguuni, tupu. Alikuwa ameokota mabibo shambani, yale yaliyoiva sana, akawamwagia ndoo nzima, na juu yake pumba za mahindi bila kipimo. Mbuzi wengine walipata la kulamba. Aliyekula ni Kidoti, maana unamjua, hakuna anayemsogelea akiwa amepanua miguu kwenye chakula, na mimba yake ile ndiyo ilizidi kumfanya malkia. "Wamefurahi," mume wetu akaniambia. Na uso wake, Dada Somoe, ulikuwa uso wa mtu aliyetoka kuzungumza na wewe.

Ningempokonya ndoo tupu? Nilimwekea chakula, akala samaki kidogo, akasema ana usingizi.

Alfajiri nikamkuta Kidoti amesimama peke yake kwenye kona, kichwa chini. Ubavu wa kushoto umejaa, umekaza kama ngoma iliyowambwa. Hacheui. Anasaga meno, ule mlio mkavu unaoingia mpaka kwenye fizi za mtu. Nyuma yake si punje tena, ni uji, na harufu kali ya siki. Nilimgusa masikio, yamepoa. Na kule chini ya tumbo, mtoto akapiga teke mkononi mwangu.

Kichwani nikamwona Bi Tatu akiteremka kwenye gari na kamba. Nikasikia watakavyosema Mahurunga, na Mikindani kwa ndugu zako, na sokoni Chikongola ambako Swalehe ana duka lake: kamuua. Kamuua yule ambaye marehemu alimpenda kuliko wote. Mbuzi mwenye mimba.

Niliondoa pumba zote, za wote, nikafagia hadi bibo la mwisho. Nikawawekea majani makavu ya bondeni peke yake. Nikampigia simu bwana mifugo, akaja kwa pikipiki hata chai hajanywa. Akampapasa, akasikiliza ubavu kwa sikio, akauliza, "Nani kampa mabibo?"

Nilitaka kusema: marehemu. Wallahi lilifika kwenye ulimi. Kwa sababu kama si wewe ile ndoo isingejaa. Nikamtazama mume wetu, nikaamua kusema mbuzi walivunja ua. Lakini yeye akatangulia. "Mimi," akasema. Halafu akakaa chini kwenye mchanga, na kanzu yake, akalia.

Alilia, Dada. Mimi nililazwa hospitali ya Ligula kwa malaria, karibu niende, akaja kunitazama na maembe mawili, akala moja. Leo analilia mbuzi. Nilisimama pale nimeshika kamba ya Kidoti, mnyama anasaga meno, mwanamume analia, na mimi sina mtu wa kunililia hata kwa makosa. Ndivyo nilivyofikiri, saa ile ile ya hatari. Nakuandikia kama lilivyokuwa.

Bwana mifugo alikoroga dawa ya unga kwenye maji, tukamnywesha kidogo kidogo asije akapaliwa. Akasema tumtembeze, asilale upande mmoja. Akatueleza, bila kutufokea, kwamba ndani ya tumbo la mbuzi mnaishi vijidudu ndivyo vinavyomsagia chakula. Vya majani ni vya majani, havijui sukari wala unga. Ukivimwagia sukari ghafla vya kwake vinakufa, vinazaliwa vingine vya vurugu, tumbo linageuka siki. Vipe muda vizaliane vile vinavyotakiwa, akasema, basi mbuzi atakula hata mabibo, kiasi, na hatadhurika. Akaona viroba vyangu, akaona vifuu vimepangwa. Akauliza nani kanielekeza.

Nikasema, "Mke mwenzangu."

Akasema vizuri sana, mwambie aendelee kukusaidia. Hakujua. Hakuna aliyemsahihisha.

Sasa sikiliza tatizo lililobaki. Alisema Kidoti aanze upya kabisa, majani tupu mpaka aanze kucheua vizuri, halafu polepole kama mwanzo, polepole zaidi. Na wenzake nao nirudi nao nyuma. Nikahesabu viroba. Vilibaki viwili na nusu. Hesabu yangu haikuwa na ndoo ya mume ndani yake. Majani ya bondeni hayapo Nanyamba, na Mahurunga mtu wa kunikatia ni mmoja.

Nilizunguka na ile simu tangu saa tatu mpaka adhuhuri. Kumpigia Bi Tatu ni kumwambia njoo uwachukue. Kutompigia ni kumlisha Kidoti vichaka tumbo likiwa kidonda. Mwisho nilipiga, si kwa wema, bali kwa sababu nilikuwa nimemshika Kidoti shingoni na yeye ameniwekea kichwa begani, mzito, akipumua kwa shida, na katika miaka yote ile hajawahi kuniwekea kichwa. Nikasema, "Bi Tatu, nataka majani." Akauliza, "Viroba saba vimeisha?" Nikasema, "Kidoti anaumwa." Akasema, "Nakuja."

Alikuja kesho yake, juu ya kirikuu ile ile, amekaa juu ya viroba kama mzigo mmojawapo, na kamba mpya imezungushwa begani. Dereva hakuwa na la kuchekesha. Bi Tatu hakunipa hata mkono. Akaingia bandani. Kidoti alikuwa amesimama, dhaifu, ubavu umeanza kushuka. Mdogo wako akampigia ule mlio wako wa ulimi. Mnaupiga sawasawa, nadhani mlifundishwa na mama mmoja. Kidoti akainua kichwa, akamtazama. Kisha akageuka akaja kwangu, maana mimi ndiye niliyeshika majani.

Sitakudanganya kwamba ulikuwa upendo. Ilikuwa njaa. Lakini Bi Tatu aliona, na nikaona kwamba ameona.

Alikaa siku kadhaa. Hakuweza kuondoka hajui mwisho wake. Tulikuwa tunaamka pamoja kuokota mavi na kuyaangalia, wanawake wazima wawili tumeinama kwenye vumbi, hatupendani, tunabishana kama hii ni punje au ni bonge. Siku Kidoti alipocheua mara ya kwanza, lile tonge likipanda shingoni unaliona kabisa, Bi Tatu alinipiga bega. Kwa nguvu.

Na ni yeye aliyeniambia. Nilikuwa nachanganya, vifuu vitatu na kimoja, yeye amekaa kwenye kizingiti changu anatazama. Akasema, "Ndivyo alivyokulisha wewe."

Nikamuuliza kivipi.

"Umesahau ulivyovuka kutoka kwenu ng'ambo ya Ruvuma? Siku ya kwanza ulipewa wali wa nazi ukautapika uani mbele ya wageni. Mimi nikacheka. Dada akanikaripia, akasema huyu kalelewa kwa ugali wa muhogo mkavu, tui zito hajalizoea, tumchanganyie."

Nilikaa chini, Dada.

Kwa sababu sikuwa nimesahau. Nilikuwa nimelihifadhi, nimelipigia hesabu tangu siku ile kama deni. Mwanamwali nimetoka kwetu, nakaribishwa nyumbani kwako, na wewe na mume wetu na Swalehe na Bi Tatu mnakula kwenye sinia moja, wali na samaki wa nazi, na mimi nawekewa bakuli langu peke yangu: ugali wa muhogo, kisamvu kisicho na nazi, na pembeni kijiko kimoja cha wali. Kijiko kimoja. Nilisema moyoni, huyu mtu wa pwani ananionyesha kwamba mimi ni wa porini. Baada ya siku kadhaa vikawa viwili. Nilidhani ni sadaka inayoongezeka. Kisamvu kikawa na tui jepesi, halafu zito. Ugali ukapungua. Mpaka mchana mmoja ukaondoa bakuli, ukasogea kwenye mkeka, ukapiga piga pale pembeni yako, ukasema tu, "Sogea." Nikasogea. Nikala kwenye sinia. Nikala nikishiba chuki, tumbo langu limetulia tuli, na sikujiuliza hata mara moja kwa nini halikuniuma.

Hukuniambia. Kwa nini hukuniambia? Ungesema neno moja ningekushukuru, au ningekuchukia vizuri, kwa sababu ya kweli. Umenifanya nimchukie mtu asiyekuwepo muda wote huo, na aliyekuwepo nikamkosa. Na sasa wivu wangu umekuwa mbaya zaidi, kwa sababu zamani nilikuonea wivu wa mume, na mume ni mume, anagawanyika. Sasa nakuonea wivu wa mkono. Mkono wako ulijua kumhamisha kiumbe kutoka kwao hadi kwako bila yeye kuhisi njia. Mimi nimeweza kwa mbuzi, tena nikihesabu kwa sauti. Wewe uliweza kwa mke mwenza, ukinyamaza.

Ndiyo maana ulisema apewe Maimuna. Au sivyo? Sitajua. Na hilo nalo nimekasirikia.

Bi Tatu alirudi Mahurunga na kirikuu tupu. Kamba yake mpya aliitundika kwenye msumari wangu, akasema itanifaa. Ndiyo ninayomfungia Kidoti nikimkata kwato. Baba Swalehe siku hizi akija anapita ndani kwanza. Anakula. Kisha anasimama mlangoni pa nyuma na kuuliza, "Niwape nini leo, na kiasi gani?" Ananiuliza mimi. Namjibu taratibu, najirudia hata kama amesikia, maana naipenda ile sauti yake ya kuuliza. Mabibo wanakula sasa, machache, yaliyokatwakatwa, baada ya majani. Pumba zako za mpunga zimekwisha. Kifuu nimekibakiza chako.

Na wiki hii Kidoti alizaa. Mchana kweupe, mimi peke yangu, mihogo imelala kwenye karai. Jike, mweusi, hana doti wala alama. Nilimpangusa kwa kanga, nikampeleka kwenye chuchu, akanyonya kama anayedai chake. Nimemtazama siku zote hizi. Hajawahi kuyanusa majani ya Ruvuma. Hajui Mahurunga. Hajawahi kusikia ulimi wako.

Jana nilisimama huku kwenye ua nikasema, "Haya, haya," kama ninavyosema mimi, sauti yangu mbaya ya stendi. Akaja. Alijikwaa kwa ile miguu yake mirefu, akaanguka, akaamka, akaja. Hakuna majani mkononi, Dada. Mkono ulikuwa mtupu.

Nikaingia ndani nikatafuta karatasi.

Nakuahidi hivi. Wale kumi na mmoja ni wako, na watakufa wako. Mvua za kwanza zikinyesha nitawachelewesha bandani mpaka jua lipande, wale makavu kwanza. Hakuna atakayehamishwa chakula kwa siku moja nikiwa hai, wala mke atakayeletwa baada yangu, kama ataletwa; naye nitamwekea bakuli lake na kijiko kimoja, na sitamwambia. Nikija Mahurunga kukuzuru, nitapalilia kaburi na kukusomea. Na mbuzi wako wakisimama mchana wakainua vichwa wote pamoja bila mtu kuita, nitajua ni nani, na nitaendelea na kazi zangu.

Lala salama, Dada yangu. Lakini huyu mweusi niachie. Huyu mmoja tu. Usimwite.

Mwenzio,
Maimuna